Herufi za Mkono wa Kulia

Mishamo
21 Januari 2024

Emelyne, binti wa dada yangu,

Barua hii ikukute na afya, wewe na watoto, na kaka yako Innocent pia. Mimi nipo. Mvua imenyesha kwa adabu mwaka huu, mahindi yamenifika kifuani na maharage ya kwanza nimeshayala mabichi. Jirani yangu Mwandu amepata ndama wawili siku moja. Alikuja kuniambia kabla hajamwambia mkewe, na mkewe amenuna mpaka leo. Kaburi la mama yako nimelipalilia.

Sasa jambo lenyewe. Ile kompyuta uliyonipa ulipobadilisha mashine za dukani bado inafanya kazi, na sola inaitosha. Ila vitufe viwili vimekufa, M na N. Kiswahili bila M na N si lugha; huwezi kumwita mama wala kumwomba Mungu. Haya ninayaandika kwa kuvikandamiza kwa nguvu, ndiyo maana barua ni fupi.

Nimesikia kuna namna ya kuiagiza kompyuta kwamba kitufe fulani sasa kifanye kazi ya kingine. Kama ni kweli, niwekee kwenye flashi hii hii na uirudishe kwa kondakta wa basi. Usitafute programu kubwa. Mashine hii ni mzee mwenzangu, ukiibebesha mzigo itakaa chini.

Simu usijisumbue kupiga. Mtandao wa huku unakuja na kuondoka kama mgeni asiyejua anachotaka.

Mjomba wako,
Rénovat


Mpanda, Kashaulili
9 Februari 2024

Shikamoo Marume,

Nakuita hivyo kwa Kirundi chetu ingawa watoto wangu wanacheka. Wao wanasema Babu Mishamo. Wote wazima. Anselmo ameng'oka jino la mbele na sasa anapuliza mluzi mpaka darasani. Mama Hadia, jirani yangu wa duka la kanga, aliniona naifungua flashi yako akaniuliza ni kitu gani. Nikamwambia ni barua ya mjomba. Akasema, "Mwanaume anayeandika barua mpaka leo ni wa kutunzwa huyo. Muulize kama ana mke." Nimeuliza.

Programu nimeipata. Ni ya zamani, aliyeitengeneza hajaigusa miaka mingi, na ni nyepesi kuliko picha moja ya simu yangu. Nilijaribu kwanza moja ya kisasa kwenye mashine inayofanana na yako. Ilimeza memori yote, kompyuta ikaanza kuhema.

Ukiifungua utaona mchoro wa kibodi. Nimefikiria herufi zako zihamie wapi. Kiswahili hakina kazi na Q wala X, na Kirundi vilevile. Zimekaa pale kama viti vya wageni wasiokuja. Kwa hiyo gusa Q kwenye mchoro, chagua M. Gusa X, chagua N. Kubali, kisha zima kompyuta na uiwashe upya. Usipoizima hutaona mabadiliko, halafu utanilaumu. Programu yenyewe haikeshi ikifanya kazi; inaandika agizo ndani ya mashine na kulala. Hata ukiifuta, agizo linabaki.

Vipi afya? Barua yako haikusema.

Mwanao,
Emelyne


Mishamo
3 Machi 2024

Emelyne mwanangu,

Mwambie Mama Hadia kwamba mke sina, ila nina mbuzi mmoja mkorofi, na nafasi ya mkorofi hapa nyumbani imeshajaa.

Nashukuru sana. M imekaa juu kushoto na N chini yake, na vidole vimeanza kuzoea. Siku ya kwanza niliandika "qtoto" badala ya mtoto, kwa sababu nilisahau kuizima na kuiwasha. Nilikulaumu kidogo, kama ulivyotabiri.

Huku tumeanza kuvuna karanga. Mwandu ananipitishia maziwa asubuhi. Anadai kwamba Msukuma akilala jirani na mtu asiyekunywa maziwa, ng'ombe wanaona aibu.

Samahani kukurudia tena. Sasa I, O, U, K na L nazo zimekuwa nzito. Najua Q na X zimekwisha. Lakini nimeitazama kibodi kwa makini: kile kitufe cha herufi kubwa pembeni kushoto hakina faida kwangu, na juu yake kuna kile cha kurukisha nafasi. Na namba za kushoto, moja mpaka tano, nani anazihitaji? Mimi mwaka naweza kuuandika kwa maneno. Je, herufi hizo haziwezi kuhamia huko?

Nawaombea.

Rénovat


Mpanda, Kashaulili
15 Machi 2024

Shikamoo Marume,

Sote wazima isipokuwa Innocent ambaye gari lake lilizama kwenye tope siku mbili njia ya Inyonga, akarudi na rangi ya udongo na hasira. Amekula, amelala, amepona.

Herufi saba zimekufa, Marume? Hiyo si ya kuhamisha herufi tena. Nimekwenda kwa Haidari wa vifaa vya umeme, nimekuchukulia kibodi mpya ya kuchomeka pembeni. Kondakta ataileta pamoja na flashi. Uichomeke tu, uandike kama zamani, kwa vidole kumi, kama ulivyotufundisha mimi na Innocent kwenye ile mashine ya taipu ya chama cha ushirika ukiwa karani. Bado nasikia ukituambia, "Msitazame vidole! Vidole vina akili yake."

Innocent anauliza kama unakula vizuri. Mimi nauliza kama unalala vizuri. Tafadhali jibu yote mawili.

Emelyne


Mishamo
20 Aprili 2024

Emelyne,

Salamu kwenu nyote. Nimechelewa kwa sababu ya njia. Mvua za mwisho zimekata barabara na basi halikufika karibu wiki tatu. Mahindi yamekauka vizuri. Mbuzi amekula kona ya pazia.

Kibodi imefika, ni nzuri sana. Lakini haikai vizuri mezani kwangu, meza ni nyembamba. Nimewapa walimu wa shule ya msingi, yao ilikuwa imemwagikiwa chai. Walikushukuru kwa makofi, kila darasa.

Kwa hiyo bado naomba lile nililoomba. Na kama inawezekana ongeza H, J, Y na P.

Nakula vizuri.

Mjomba wako,
Rénovat


Mpanda, Kashaulili
5 Mei 2024

Shikamoo Marume,

Watoto wanakusalimu. Mwandu amefika juzi kununua dawa ya kuogesha ng'ombe, akanipa flashi yako mkononi. Atairudisha yeye mwenyewe.

Nilikuwa nimeanza kuzipanga herufi zako kwenye vitufe vya pembeni kama ulivyosema. Nikachora kibodi kwenye karatasi, nikatia alama kila herufi uliyoniomba tangu Januari. Nilipomaliza nikaiweka kalamu chini. Zote zinakaa upande mmoja. Upande wa kulia hakuna iliyobaki, na wa kushoto hakuna hata moja iliyoguswa. Na mtu ambaye vitufe vyake vimekufa hagawi kibodi mpya.

Siulizi kitu.

Nimekuwekea programu nyingine, nayo ya zamani na nyepesi, ila hii lazima ibaki imewashwa. Nimeipanga iamke yenyewe ukiwasha kompyuta. Ile ya kwanza ifungue, ufute maagizo yake, zima na uwashe upya, Q na X zirudi kwao. Sasa sikiliza. Kile kitufe kirefu cha nafasi, ukikigusa na kukiachia, kinaacha nafasi kama kawaida. Ukikishikilia kwa kidole gumba cha kushoto, kibodi inajikunja katikati kama kitenge, upande wa kulia unalala juu ya wa kushoto. Ukikishikilia na kubonyeza E inatoka I. W inatoa O. R inatoa U. V inatoa M na B inatoa N. Huhitaji kukariri, Marume. Ni kidole kile kile ambacho kingefanya kazi hiyo kwenye mkono wa pili, ukitazama kwenye kioo. Vidole vina akili yake.

Inafaa sana kwa mtu ambaye anapenda kuandika huku mkono wa kulia umeshika kikombe cha chai. Nimeitengeneza kwa ajili ya mtu wa namna hiyo.

Mwanao,
Emelyne


Mishamo
2 Juni 2024

Emelyne mwanangu mpendwa,

Huku ni baridi sasa, asubuhi naota moto jikoni na mbuzi anakuja kuota na mimi. Mavuno yameingia ghalani. Mwandu na bintiye Monika walinisaidia kubeba.

Barua hii nimeiandika yote kwa mkunjo wako. Mwanzoni nilikuwa kama mtoto anayejifunza kutembea. Nilikishikilia kitufe nilipotakiwa kukiachia, maneno yakaungana na kuachana. Leo yanakaa. Nilipoona jina lako limetoka lote kwa mkono mmoja, nilitoka nje nikasimama kidogo.

Hakuna chai. Mkono wa kulia haushiki kikombe.

Ilikuwa Desemba, nikimenya muhogo. Kisu kikaanguka, nikainama kukiokota, mkono ukakataa kunifuata. Zahanati walipima presha, wakanipa dawa, ninazimeza. Mguu ulivuta siku chache ukarudi. Mkono haukurudi. Kwa kalamu siwezi. Kwa kompyuta niliweza, lakini kidole kimoja cha kushoto kikivuka kwenda mpaka upande wa pili kutafuta M na kurudi kutafuta A, bega lilikuwa linawaka. Ndiyo hizo M na N zilizokufa.

Unajua kwa nini sikusema. Mwaka jana nilipougua malaria, Innocent alikuja na gari, akanibeba mpaka huko Mpanda, nikakaa kwenu miezi mitatu. Mlinitunza kama yai. Niliporudi mchwa walikuwa wameshamaliza fremu ya mlango, na shamba la muhogo limekuwa malisho. Nililala wiki nzima na mlango uliofungwa kwa kamba. Nilihamishwa kutoka Burundi nikiwa na miaka kumi na tatu. Nilihamishwa kutoka kambi ya Ulyankulu kuletwa hapa, msitu mtupu, tukafyeka wenyewe. Hii nyumba ndiyo ya kwanza ambayo nimekaa mpaka miti niliyoipanda ikanipita urefu. Innocent akijua habari ya mkono, atakuja na gari, na safari hii hatanirudisha.

Nakuomba usimwambie.

Rénovat


Mpanda, Kashaulili
16 Juni 2024

Shikamoo Marume,

Watoto wazima, mimi mzima.

Nimemwambia.

Ngoja, usiifunge barua. Mwezi wa tano Mwandu alipokuja, nilimuuliza, "Kompyuta ya mzee si imekufa vitufe?" Akacheka. "Imekufa wapi? Monika wangu ameandikia barua yake ya kuomba chuo juzi tu. Vitufe vyote vizima. Ila ukibonyeza Q inakuja M, mtoto akasema mashine ya mzee imerogwa." Nikamuuliza, "Basi mzee ndiye mgonjwa?" Akatazama viatu vyake. "Mama, mi nimetumwa flashi. Sijatumwa maneno."

Ndivyo nilivyojua, hata kabla ya kuzipanga zile herufi. Nikakaa nalo mwezi mzima. Nikipika naunguza. Mama alipofariki nilikuwa na miaka sita, Innocent tisa. Wewe hukuwa na watoto, ukatuchukua, ukatupikia uji usio na chumvi kwa sababu hukujua kupika. Sasa nikae kimya mpaka siku Mwandu aje ametumwa maneno?

Na mimi nina jambo nililokuficha. Tangu uondoke mwaka jana, Innocent na mimi tumejenga chumba hapa uani. Kina dirisha kubwa, tumepaka rangi, kitanda kipo. Watoto wanakiita cha Babu. Hatukukuambia kwa sababu tulijua utasema hapana, na tulikuwa tunangoja siku ambayo hutaweza kusema hapana. Nimeandika sentensi hiyo na imenitia aibu, lakini siifuti.

Innocent anakuja na gari mwishoni mwa mwezi ujao, akimaliza mizigo ya Inyonga.

Nisamehe.

Emelyne


Mishamo
30 Juni 2024

Emelyne,

Nimepokea.

Rénovat


Mpanda, Kashaulili
14 Julai 2024

Shikamoo Marume,

Barua yako ya neno moja nimeisoma mara nyingi kuliko zile ndefu. Hukuuliza watoto. Hukusema habari ya mbuzi.

Innocent anaondoka huku tarehe ishirini na saba. Amechukua kamba na turubai. Nimemwambia asipige kelele. Zaidi ya hapo sikujua nimwambie nini.

Mkunjo bado unafanya kazi? Kama kuna herufi inayosumbua, niambie hiyo tu.

Mwanao,
Emelyne


Mishamo
28 Julai 2024

Emelyne,

Watoto hawajambo? Mbuzi hajambo, kwa sasa amefungwa kwenye mpapai na anapiga kelele kwa niaba yangu.

Naandika haya nikiwa nimekaa kwenye kigoda nje, kompyuta juu ya kreti la soda, kwa sababu meza imeshapandishwa kwenye gari. Kaka yako alilala hapa jana. Alikuja amechoka, tukala ugali, akalala. Leo baada ya chai ametandika turubai na kuanza. Meza, viti, sufuria, debe la mahindi. Sijabishana naye. Nimemwambia tu, "Niache kompyuta mpaka mwisho, namwandikia dada yako." Akasema, "Unamwandikia nini wakati jioni utamwona?" Nikamjibu kwamba kuna mambo ambayo mtu akionwa hayasemi.

Mwandu amekuja na maziwa, ameona gari, ameyaweka chini na kusimama kwenye uzio. Innocent amemsalimia, "Mzima, mzee?" Akajibu, "Mi mzima. Mwenye nyumba je?" Innocent ameinama kukaza kamba.

Sikukasirika kwa sababu ulimwambia. Nilikasirika kwa sababu ulikuwa na haki. Ningekuwa mimi, ningemwambia siku ile ile.

Sasa ameingia kuchukua kitanda. Kinagonga mlango, ule ule mpya niliotengenezewa. Nimekaa nawaza jinsi nilivyotoka kwetu nikiwa mtoto: mama alinishika mkono gizani, sikujua tunakwenda wapi. Ulyankulu lilikuja lori, tukasomewa majina. Mwaka jana nilikuwa na homa, nilipozinduka niliona paa si langu. Mara zote waliokuwa wananihamisha walikuwa wananiokoa, hata sasa. Ila hakuna hata mmoja aliyeniuliza kama nataka kwenda.

Innocent amesimama nyuma yangu. Anasoma. Nakiona kivuli chake kwenye kioo cha kompyuta, jasho linamtoka. Namwacha asome.

Amesema, "Marume, huo ni mkono mmoja tu?"

Nimesema, "Mmoja tu. Dada yako ameukunja ule mwingine ndani yake."

"Fanya tena."

Nimeandika jina lake: Innocent. Ameangalia gumba likishika na kuachia. Kisha amechuchumaa mbele yangu kama alivyokuwa anachuchumaa akiwa na miaka tisa amevunja kitu, na ameniuliza, "Marume, unataka kwenda?"

Nimemwambia, "Hapana, mwanangu."

Akasema, "Ukianguka?"

"Mwandu atapiga kelele na wewe utakuja na hilo gari. Lakini kila mwezi nitakuja Mpanda kupimwa presha hospitali, nitalala kwenye hicho chumba chenye dirisha, asubuhi utanirudisha. Na wakitaka kuniangalia mkono, waangalie."

"Kila mwezi?"

"Kila mwezi."

"Ukikosa mmoja tu, nakuja na kamba."

"Njoo nayo."

Amekaa chini muda mrefu akichora udongoni kwa kijiti. Kisha ameinuka, amemwita Mwandu, "Mzee, nisaidie," na sasa wanashusha. Nasikia sufuria. Nasikia Mwandu anamtania kwamba vijana wa mjini wanapakia mizigo ili wapate mazoezi.

Imenibidi kusimama kidogo ili wapitishe meza, ndiyo maana mstari huu umechelewa. Innocent anataka kuondoka kabla jua halijakuwa kali, atakuletea flashi hii mwenyewe. Atakuambia hajala vizuri. Usimwamini, amemaliza maziwa yote.

Nimeingia ndani kuangalia. Kila kitu kimerudi, ila kitanda wamekigeuza, upande wa kichwa sasa unatazama mlango. Nilitaka kuwaambia. Kisha nikamwona kaka yako amepiga goti, anasukumia vijiti chini ya miguu ya kitanda kisitikisike, na shati lake limelowa mgongo mzima. Nimemwacha amalize. Nitalala hivyo hivyo kama alivyokiweka.

Mjomba wako,
Rénovat